Msimulizi Alipokaa Mbele ya Kamera

Miaka ya tisini nilipata riziki yangu Nairobi kwa kusoma maelezo ya filamu za mashirika. Mada zilikuwa ukimwi, ndoa za utotoni na, mara nyingi, ukeketaji. Nilikabidhiwa karatasi zilizokwisha kuandikwa, nikaingia chumba cha kurekodia, nikasoma. Kwenye picha mama wa kijijini alionekana akizungumza, midomo inacheza, lakini sauti iliyosikika ni yangu. Mimi ndiye niliyewaambia watazamaji kwamba ana uchungu.

Desturi hiyo ilikuwa na mizizi. Mwaka 1935 Waingereza walianzisha huko Vugiri, Tanganyika, mradi wa filamu za kuwaelimisha Waafrika. Picha zilikuwa bubu, na maelezo yakachezwa kwa sahani za santuri. Mwafrika alionekana, mwingine akamsemea.

Ndiyo maana kazi za Beryl Magoko zilinigusa sana. Beryl ni Mkuria wa Kenya. Filamu yake The Cut, ya mwaka 2012, aliitengeneza akiwa mwanafunzi Kampala, akarudi kwao kurekodi ukeketaji mahali ambapo yeye mwenyewe alikeketwa utotoni. Sheria ya kuupiga marufuku ilikuwa imepitishwa Kenya mwaka mmoja kabla. Lakini katika filamu hiyo Beryl alibaki upande wa nyuma wa kamera.

Miaka sita baadaye ikaja In Search, na safari hii Beryl yumo ndani. Anaishi Ujerumani, amejua kwamba upo upasuaji wa kurekebisha kilichokatwa, na hajui la kufanya. Mwili uliokwisha kukatwa, aulaze tena mbele ya kisu? Anawaendea wanawake waliopitia aliyoyapitia, anawauliza, nao wanamfungukia kwa namna ambayo sikuwahi kuiona kwenye filamu tulizokuwa tukizitengeneza. Hawamwelezi mgeni, wanamweleza mwenzao. Kuna hofu, kuna aibu, kuna hata kicheko. Hakuna mwandishi wa ofisini ambaye angeweza kuniandikia maneno yale niyasome.

Si yeye peke yake. Katika Thank You for the Rain ya mwaka 2017, mkulima wa Ukambani, Kisilu Musya, alishika kamera akajirekodi mwenyewe na familia yake, ukame na mafuriko yakiwaandama. Lakini kwa Beryl gharama ni kubwa zaidi, kwa sababu anayefichua siri ya mwili wake hawezi kuirudisha, na nyumbani anajulikana kwa jina na kwa ukoo.

Enyi mnaotoa fedha za filamu hizi, nawaomba: mama anapoeleza yaliyompata kwa Kikuria, Kigiriama au Kimaasai, mwacheni asikike mpaka mwisho wa sentensi yake. Tafsiri iandikwe chini ya picha. Watu watasoma.