Mjenzi aliyekimbia na dosie

Siku watu wa kijiji chake katika eneo la Djugu, jimbo la Ituri, walipokimbia vita, mjenzi huyu hakubeba godoro. Mkono mmoja alimshika mtoto, mwingine ulishika dosie iliyofungwa ndani ya mfuko wa plastiki. Ndani yake kulikuwa na kontra ya kujenga madarasa matatu, fakitire yenye muhuri wa ofisi ya serikali, na hati inayoonyesha kwamba kazi ilipokelewa bila kasoro.

Madarasa yalikwisha. Pesa hazikuja. Simenti alikopa dukani, na waashi wake wanne, ambao leo wako katika kambi ya Kigonze mjini Bunia, bado wanamdai mshahara. Anapoenda kuwasalimia, mke wa mmoja wao humwambia: "Papa, tunajua hukutuibia. Lakini watoto hawali maneno."

Ofisini aliambiwa "rudi juma lijalo" mpaka akachoka kuhesabu majuma. Mwishowe akamfuata avoka.

Avoka alifungua dosie, akasoma kimya, kisha akasema: "Mzee, umeokoa deni lako." Akamweleza kwamba sheria ya tarehe 27 Aprili 2010 kuhusu masoko ya serikali inampa haki ya kudai hata riba ya kucheleweshwa. Kwanza ni barua ya kudai, na nakala yake ipigwe muhuri wa kupokelewa. Wakinyamaza, ndipo kesi iende kwa majaji.

"Na nikishinda, watakamata gari la ofisi?"

Hapana. Kongo iko katika OHADA tangu 2012, na kifungu cha 30 cha sheria yake ya kudai madeni kinalinda mali ya serikali: gari halikamatwi, akaunti haifungwi. Lakini kifungu hicho hicho kinaacha mlango. Mwenye deni la hakika, lenye kiasi kinachojulikana na ambalo muda wake umefika, anaweza kulikata na deni ambalo yeye mwenyewe anadaiwa na ofisi ile ile, kwa mfano kodi.

Mjenzi akacheka kidogo. Atadaiwa kodi gani, na hajapata kazi tangu akimbie?

Basi, avoka akasema, kuna njia nyingine. Sheria hiyo ilirekebishwa mwaka 2023. Mwenye hukumu mkononi anaweza kuomba deni liandikwe katika bajeti kama matumizi ya lazima. Si pesa ya kesho, lakini deni lililoandikwa haliwezi tena kuitwa uvumi.

Barua imeondoka. Nakala yenye muhuri imeingia katika mfuko ule ule wa plastiki. Jioni mjenzi alienda Kigonze, akawaonyesha waashi karatasi hiyo. Akawaomba kila mmoja aandike siku alizofanya kazi na kiasi anachodai, aweke sahihi.

"Kwa nini?" mmoja akauliza.

"Kwa sababu mimi pia ninadaiwa," akajibu, "na sitaki mnifuate kama ninavyowafuata wao."