Mchezo Umekwisha, Kete Ziko Wapi?



Juma hili tumeona vema tuzungumzie jambo ambalo huenda baadhi yenu mtaliona dogo mno kwa ukurasa huu, nalo ni namna ya kukusanya na kuhifadhi mchezo wa nyumbani, uwe bao, uwe ludo, uwe drafti, pindi familia imalizapo kuucheza. Katika miaka yetu ya utume tumeingia nyumba nyingi, na katika nyingi kati ya hizo tumeona juu ya kabati boksi lililochanika pembe, limefungwa kwa kipande cha mpira wa baiskeli, na ndani yake mna mchezo usiochezeka tena. Ukiuliza ulikufaje, hakuna ajuaye. Sisi tunaamini kwamba michezo mingi ya namna hiyo hufa katika ile robo saa ya mwisho, wakati aliyeshinda angali anajigamba, aliyeshindwa amekwisha kununa, na taa inakaribia kuzimwa.

Tuanze na bao, kwa kuwa ndilo lenye umri na heshima kuliko yote tuliyo nayo. Wengi wenu mmeziona picha za Mwalimu Nyerere akiwa ameinamia bao, na wazee wa pwani hawahitaji kuambiwa na padre hesabu yake: safu nne, mashimo manane kila safu, jumla mashimo 32, na kete 64. Kila mchezaji ana haki ya kete 32. Katika bao la Kiswahili lililo kamili huanza na 10 ubaoni na 22 mkononi, akizishusha moja moja katika ile hatua iitwayo namua, hadi mkono uwe mtupu na mtaji uanze. Sasa fikirini kete moja imepotea. Mmoja ana 22 mkononi, mwenziwe ana 21, na mkono wa huyu utakauka kabla ya wakati. Mchezo utaendelea, ndiyo, lakini si mchezo ule ule, na atakayeshindwa atakuwa na la kusema hadi asubuhi.

Kuna njia ya kuhesabu ambayo haihitaji hata kuhesabu, na tungependa kila nyumba yenye bao iifahamu. Wanaoanza kufundishwa huchezeshwa bao la kujifunza, ambamo kila shimo hutiwa kete mbili tangu mwanzo. Mbili mara 32 ni 64. Basi mchezo ukiisha, kabla ya mtu yeyote kuinuka, tieni kete mbili katika kila shimo. Shimo likibaki na moja, au likibaki wazi, tafuteni hapo hapo, chini ya mkeka, ndani ya viatu, kwenye kiganja cha mtoto mdogo aliyekuwa akitazama kwa utulivu wa kutia shaka. Ubao wenyewe ndio karani wenu. Mtoto wa darasa la kwanza aweza kufanya kazi hiyo, na ataipenda.

Kisha zitieni kete katika mfuko wa kitambaa wenye kamba. Mfuko wa plastiki haufai, na hatusemi hivyo kwa sababu tu mifuko ya kubebea ya plastiki ilipigwa marufuku Tanzania tangu tarehe 1 Juni 2019. Plastiki huzuia unyevu usitoke, na unyevu na mbao ni maadui wa siku nyingi. Kete za asili ambazo ni komwe zenyewe hazina shida. Mkomwe ni mmea wenye miiba, huota karibu na bahari, na mbegu zake za rangi ya kijivu ni ngumu kama mawe na huelea majini, zikachukuliwa na mawimbi hadi fukwe za mbali. Mbegu iliyoumbwa kustahimili safari ya baharini haitaharibiwa na mfuko wenu. Ubao ndio wenye kudeka. Usiegemezwe ukuta unaopigwa na jua la mchana, kwani utapasuka. Usilazwe sakafuni, kwani mchwa hawajui kwamba ni urithi wa familia. Mfuteni vumbi kwa kitambaa kikavu, mpakeni mafuta kidogo mara chache kwa mwaka, mlazeni juu ya rafu, mashimo yakitazama chini ili vumbi lisikae humo.

(Tumeandika 'mfuteni' na 'mlazeni' kana kwamba bao ni mtu. Tumeisoma tena sentensi hiyo, tukaamua kuiacha ilivyo.)

Ludo ni habari nyingine. Jina lake ni Kilatini kitupu, maana yake 'nacheza', nasi tuliopita seminari tulicheka sana siku tulipokutana na kitenzi hicho darasani, kwa maana tulikuwa tukikitumia tangu utotoni bila kujua kwamba tunazungumza lugha ya Kanisa. Mchezo wenyewe ulipewa hataza Uingereza mwaka 1896, ila asili yake ni mchezo wa Kihindi uitwao pachisi. Una kete 16, nne kwa kila rangi, na dadu. Adui yake ni wepesi: kete ni ndogo, za plastiki, na dadu hupenda kukimbilia chini ya kochi. Tunashauri kila rangi ifungwe peke yake katika kitambaa au kikopo kidogo chenye kifuniko, na dadu ikae na rangi moja ileile siku zote, tuseme nyekundu, ili mwenye nyekundu awe na wajibu wa kuiulizia. Karatasi ya ludo isikunjwe mahali papya. Ikunjwe pale pale ilipokunjwa na kiwanda. Mkunjo mpya leo ni mpasuko wa kesho.

Drafti hatutasema mengi. Watu wetu walikwisha kuitatua kwa vizibo vya soda, upande mmoja ukitazama juu na upande wa pili ukitazama chini, kumi na viwili kwa kumi na viwili, na kizibo kikipotea kuna kingine dukani kwa jirani. Huo ni mchezo uliojikinga wenyewe.

Ama Scrabble, ambayo imo katika nyumba ya mapadre kwa hisani ya mgeni mmoja, ina vibao 100 vya herufi, na hapo tumejifunza jambo la kuchekesha. Katika seti ya Kiingereza kuna Q moja na X moja, nazo zikipotea sisi tunaocheza kwa Kiswahili hatutazililia, kwa kuwa hazimo katika maandishi yetu. Lakini K pia ni moja tu! Ikipotea hiyo, ndugu zangu, mmepoteza kula, kucheka, kukaa na kukumbuka, na hakuna lugha iliyobaki ya kuchezea. Kwa hiyo kila jioni sisi huhakikisha kwanza kwamba K imerudi mfukoni, ndipo tunahesabu nyingine.

Yamkini mtu atauliza kama padre hana kazi nyingine. Tutamjibu kwa Mtakatifu Thoma wa Akwino, ambaye katika Summa Theologiae, sehemu ya pili ya pili, swali la 168, aliuliza kwa dhati kama katika michezo mwaweza kuwamo fadhila, akajibu kwamba yaweza, kwa kuwa roho nayo huchoka kama mwili na yahitaji pumziko lake. Aliweka masharti, na mojawapo ni kwamba mchezo uendane na watu, wakati na mahali. Sisi tunaona kwamba kuufunga mchezo ni sehemu ya sharti hilo. Familia inayojua kukusanya kete inajua pia saa ya kuacha kucheza.

Lakini tulilotaka hasa kuwasimulia ni hili.

Miaka kadhaa iliyopita tulialikwa katika familia moja, ambayo hatutaitaja wala kuielekeza, siku ya kumaliza matanga ya mzee wao. Shamba lilikuwa limekwisha kugawanywa bila maneno. Nyumba vivyo hivyo. Kilichowashinda ni bao la mninga ambalo marehemu alilichonga kwa mkono wake. Kaka mkubwa alikuwa amechukua ubao, akaufungia chumbani mwake. Mdogo wake, siku ile ile ya mazishi, alikuwa amechukua mfuko wa kete, akauweka ndani ya gari. Kila mmoja alisema marehemu alimwahidi yeye. Kwa zaidi ya mwezi mmoja mmoja alikuwa na mashimo matupu na mwingine ana mbegu zisizo na pa kukaa, na salamu kati yao zilikuwa zimekatika.

Baba yao mdogo akaomba vyote viletwe pale uani, mbele ya wazee na mbele yetu. Vikaletwa. Ndipo dada yao, aliyekuwa akipita na birika la chai, akasimama na kuuliza, 'Kaka, kete za Baba ni ngapi?'

'Sitini na nne. Nani asiyejua?'

'Na komwe ni ngapi?'

Hakuna aliyejibu. Akaweka birika chini, akapiga magoti, akaanza kutia mbili mbili katika kila shimo, haraka kuliko tulivyowahi kuona mtu akifanya. Katika shimo la mwisho akatia komwe moja na kifungo cheusi cha koti. Akasema, 'Moja iliangukia motoni nilipokuwa darasa la nne. Baba akakata kifungo cha koti lake la kwendea misa, akanipa, akasema tusimwambie mtu. Shikamooni wazee, naomba radhi kwa kuingilia.'

Ikajulikana basi kwamba katika nyumba ile watoto wa kiume ndio waliokuwa wakicheza na baba, na yeye ndiye aliyekuwa akiitwa usiku, kibatari mkononi, kuokota kete na kuzihifadhi. Hakuwahi kufundishwa namua. Alikuwa ameijua kwa kuitazama kutoka mlangoni. Ndugu wawili waliokuwa wakidai ahadi ya baba, wakiwa wamekaa mbele ya bao hilo kwa miaka mingi, hawakuwahi kutambua kwamba kete mojawapo ilikuwa kifungo.

Baba mdogo akatazama wazee, wazee wakatutazama sisi, nasi tukasema tu kwamba hatuna la kuongeza. Bao likakabidhiwa dada. Atakayetaka kulicheza aende kwake. Tusiwadanganye kwamba kaka zake walifurahi. Mkubwa aliondoka kabla ya chakula. Mdogo alifika kwa dada yake Krismasi iliyofuata. Mkubwa alichukua miaka miwili, naye alipofika, tumeambiwa, alishindwa na mpwa wake wa kike wa miaka kumi na mbili, akaomba marudiano.

Tangu siku ile tumekuwa na ukali kidogo juu ya jambo moja. Tunapotembelea familia na kukuta wavulana wamecheza, kisha msichana anaitwa kutoka jikoni aje akusanye, huwa tunauliza kwa nini. Wazazi wengine hucheka wakidhani tunatania. Hatutanii. Aliyecheza ndiye akusanye, na aliyekusanya jana bila kucheza leo akae mbele ya ubao. Tena tungependa baba mwenye nyumba aanze yeye, kwa kuwa watoto huangalia mikono ya baba kuliko kinywa chake. Na kete ikipotea kweli, isifichwe. Itajwe, itafutwe, na ikikosekana iwekwe kete nyingine badala yake mbele ya wote, ili kila mmoja ajue kifungo kilitoka koti gani.

Kwa wale wanaotumia ukumbi wa parokia baada ya mazoezi ya kwaya: tumeshona mifuko miwili ya kitenge, mmoja wa bao na mmoja wa ludo, nayo inaning'inia kwenye msumari nyuma ya mlango wa stoo. Kete moja ya kijani haijaonekana tangu Jumapili. Aliye nayo airudishe tu mfukoni. Hatutauliza ilikuwa wapi.