Pampu ya Toleka

Mwaka 2004 nilikuwa bado mwanafunzi katika gereji moja ya Lubunga, ng'ambo ya kushoto ya mto Kongo, pale wanapoteremkia watu wanaovuka kutoka Kisangani kwenda Opala. Gereji yenyewe ilikuwa paa la mabati juu ya nguzo sita, na shimo la kuingilia chini ya gari. Asubuhi moja likaletwa Land Cruiser kuukuu la dizeli, la silinda 6, likivutwa kwa kamba. Mwenyewe alikuwa mfanyabiashara wa Opala. Alipeleka kwao chumvi, sabuni na vitenge, akarudi na mchele na mawese.

"Moteri inapunguza mafuta," alisema, "na maji yamegeuka rangi."

Nilifungua mfuniko wa radieta. Juu ya maji kulikuwa na utando mzito wa rangi ya chai ya maziwa. Nilipouchota kwa kidole ulinata kama uji uliopoa. Fundi mkuu wetu alitazama mara moja tu akanyooka. "Jwenti," alisema. Ndivyo sisi tuliojifunza ufundi kwa Kifaransa cha gereji tunavyoiita gasketi ya silinda hedi. Hakuna aliyeuliza neno jingine. Kabla ya adhuhuri boliti za hedi zilikuwa zimepangwa juu ya gunia.

Msomaji wa leo lazima aelewe maana ya kufungua hedi siku zile. Vita vya 1998 hadi 2003 viliukata mto, na Kisangani, mji unaoishi kwa mto, ukabaki kama mtu aliyezibwa pua. Siku sita za Juni 2000, majeshi mawili ya kigeni yalipopigana kwa mizinga katikati ya mitaa yetu, zilimaliza maduka yaliyokuwa yamesalia. Mwaka 2004 majahazi ya chuma yalikuwa yameanza tena kupanda kutoka Kinshasa, kilomita 1,734, lakini hayakuwa na ratiba anayoweza kuitegemea mtu. Mteja wetu hakuwa na fedha za kuleta kitu kwa ndege. Jwenti yake ilisafiri kwa maji, nasi tukaingoja wiki sita. Kila wiki alikuja akasimama mbele ya injini iliyofunikwa turubai, akauliza, akajibiwa, akaondoka bila kunung'unika. Ukimya wake ulinichoma kuliko matusi.

Jwenti ikafika. Tuliifunga kwa uangalifu wote tuliokuwa nao, gari likaunguruma vizuri, tukafurahi. Siku ya nne nikafungua mfuniko wa radieta. Rangi ya chai ilikuwa imerudi.

Jirani na gereji aliishi mzee aliyestaafu, mtu wa malori tangu ujana wake. Sote tulimwita Papa. Hakuwa na desturi ya kuingilia kazi ya wengine, lakini siku ile fundi mkuu mwenyewe alimwendea kwa heshima. Papa alikuja na kiti chake, akaketi mbele ya gari, asiguse kitu. Aliuliza maswali matatu. Gari likiwashwa asubuhi likiwa baridi, mipira ya radieta hukakamaa upesi? Ndani ya radieta hutoka mapovu mtu akikanyaga mafuta? Nguvu zimepungua, au moshi mweupe umeonekana? Tulijibu hapana, hapana, hapana.

"Basi mmemfunga asiye na kosa," alisema. "Jwenti ikiungua, mara nyingi moto wa silinda huingia majini. Mngeona mapovu, mngeona mipira imevimba kwa upepo kabla maji hayajapata joto. Hapa hakuna moto ndani ya maji. Kuna mafuta tu. Jiulizeni: ni wapi pengine ndani ya moteri hii mafuta na maji wanalala chumba kimoja, wametenganishwa na ukuta mwembamba?"

Nilikuwa sijui. Akaonyesha kwa fimbo ubavuni mwa injini, nyuma ya filta ya oili. Pale ndani kuna kipoza oili, mkusanyiko wa vibati vyembamba vilivyobanwa pamoja. Oili hupita ndani ya vibati, maji huvizunguka kwa nje, joto likahama bila vitu viwili kugusana. Injini ikizunguka kwa kasi, oili husukumwa kwa nguvu ya baa 3 hadi 5, wakati maji chini ya mfuniko wa radieta huzunguka kwenye baa 1. Kibati kikitoboka, mwenye nguvu humwingilia mnyonge: oili huenda majini. Lakini gari likizimwa, oili hulegea mara moja, na maji ya moto bado yana mgandamizo wake. Hapo njia hugeuka, maji yakaingia kwenye oili. Ndiyo maana, Papa alisema, kijiti cha kupimia oili kisomwe asubuhi, gari limelala usiku kucha, kabla mtu hajaliwasha.

Tulikitoa kipoza bila kugusa hedi. Tuliziba tundu moja kwa kipande cha mpira na bati, tundu la pili tukaacha nafasi ya upepo. Hatukuwa na kompresa. Papa akanituma kwa vijana wa toleka.

Aliyeishi Kisangani miaka ile hatasahau toleka. Ni Kilingala, maana yake "tupite". Ndilo jina la baiskeli zenye kiti cha sponji nyuma zilizobeba mji mzima wakati magari yalipokuwa yamekufa na petroli imekuwa dawa ya kununuliwa kwa chupa. Kila kituo cha toleka kilikuwa na pampu ya mkono, ndefu, inayoshikiliwa kwa mguu. Niliazima moja. Tulizamisha kipoza katika beseni la maji ya moto, kwa sababu chuma kikipata joto hutanuka na ufa huonekana, kisha nikaanza kupiga upepo. Pampu ya kumi na tano hivi, uzi mwembamba wa mapovu ukapanda kutoka ubavuni mwa kibati cha tatu. Haukuwa mnene kuliko unywele. Uzi ule ndio uliotugharimu wiki sita.

Mambo yangeishia hapo kama tungekuwa na kipoza kipya. Hatukuwa nacho, na kumwambia yule mfanyabiashara angoje jahazi lingine hakuna aliyethubutu. Mimi ndiye niliyetoa wazo la kukiondoa kabisa. Nilichonga bati nene lenye mfereji, oili ipite moja kwa moja kwenda kwenye filta. Papa alitikisa kichwa. "Kitu hicho hakikuwekwa kwa urembo," alisema. Lakini gari lilitembea, maji yakabaki safi, nami nikahesabu kazi imekwisha.

Njia ya Opala ndiyo iliyonifundisha. Ni zaidi ya kilomita 200 za msitu. Inaanza kaskazini ya ikweta na kuishia kusini yake, kwenye mto Lomami, na mvua yake haina msimu wa kupumzika. Katika tope gari hutambaa kwa gia ya kwanza saa nzima. Injini hufanya kazi ya kilima huku gari likienda mwendo wa mtu anayetembea, bila upepo wa kupooza kitu. Oili isiyo na pa kuacha joto lake huwa nyepesi kama maji. Mgandamizo hushuka, taa nyekundu hucheza, na beringi za krankshafti husagana chuma kwa chuma. Baada ya miezi mitano injini ile iligonga mara chache ikakaza, ng'ambo ya ikweta, ikiwa na shehena ya mchele. Mwenyewe alilala kijijini siku kumi na moja akitafuta wabebaji, mchele ukilowa. Aliporudi Lubunga kwa miguu hakuja kudai. Alikuja kuniambia kilichotokea ili nijue. Nimebeba habari ile hadi leo.

Tangu hapo sikufungua tena kitu kabla ya kukiuliza. Nilikuwa na maswali matatu ya Papa, na pampu ya toleka niliyoinunua na kuitundika ukutani.

Habari moja ya Opala yenyewe ilinitia nguvu katika desturi hiyo. Mwaka 2007 watafiti waliokuwa wakipita huko walimwona tumbili mchanga aliyefugwa nyumbani kwa mkuu wa shule ya msingi. Uso wake haukufanana na wa tumbili yeyote waliyemjua. Wenyeji hawakushangaa, kwao alikuwa lesula, jina lake la siku zote. Watafiti waliamini macho yao, lakini hawakutangaza kitu. Walipima vinasaba, walilinganisha mafuvu, walisikiliza milio yake msituni, na mwaka 2012 tu ndipo walipouambia ulimwengu kwamba huyu ni aina yake pekee. Miaka mitano kati ya kuona na kusema. Nilipoisikia habari hiyo niliwaza juu ya fundi anayetazama radieta mara moja na kusema "jwenti".

Kufikia mwaka 2010 maisha ya gereji yalikuwa yamegeuka. Barabara ya taifa nambari 4 ilikuwa imetengenezwa upya kuelekea Bafwasende, Nia-Nia na Komanda, na kwa njia hiyo vipuri vilivyotoka Dubai vikatufikia kupitia Kampala na Beni. Pikipiki zikajaa mjini, toleka zikapungua hadi nikazikosa. Kitu kilichohitaji wiki sita sasa kilifika kwa siku chache kikiwa kwenye boksi lake, kwa picha tu iliyotumwa kwa simu. Nilishukuru, na bado nashukuru. Mtu ambaye hakuwahi kungoja jahazi hawezi kujua neema hiyo.

Ila neema ile ilikuja na hasara yake, nami nilichelewa kuitambua. Zamani kosa moja liligharimu mwezi na nusu, kwa hiyo uhaba wenyewe ulitulazimisha kupima. Vipuri vilipokuwa karibu, vijana wakaanza kutafuta ugonjwa kwa kununua: leo jwenti, kesho pampu ya maji, keshokutwa radieta, mpaka bahati iangukie penye tatizo. Mwenye gari hulipa kila jaribio. Anayelipa ni yuleyule wa Opala, mwenye magunia yake kumi ya mchele.

Mwaka jana lilikuja gari lenye ugonjwa uleule. Mwanafunzi wangu alikuwa tayari ameshika spana ya boliti za hedi. Nilimwambia aiweke chini, nikamkalisha mbele ya injini kama Papa alivyokaa, nikamwacha aulize. Kisha tulifanya kazi yote pamoja, kwa utaratibu ambao sasa najua kila hatua yake ina sababu.

Tulimwaga maji na oili, tukaondoa filta na nyumba yake, tukafikia kipoza. Alikipima kwa pampu ya ukutani, ingawa kompresa ipo. Nilitaka mikono yake isikie upepo unavyopotea. Uzi wa mapovu ukapanda. Kipya kilipofika, nacho tulikipima kabla ya kukifunga, kwa sababu boksi jipya si ushahidi. Tulikwangua nyuso za chuma mpaka zikang'aa, tukaweka gasketi mpya zote, tukakaza boliti kidogo kidogo kwa msalaba. Kisha ikaja sehemu ambayo wengi huiruka: kuosha. Tulitoa thermostati, tukajaza maji ya moto yenye sabuni ya unga kidogo, kwa maana ikizidi povu hujaa kila mahali. Injini ikazunguka hadi ikapata joto, tukamwaga. Mara nne tulifanya hivyo, kisha mara mbili kwa maji matupu, hadi yalipotoka bila utelezi. Mipira iliyolewa mafuta na kulainika tuliitupa, maana ingepasuka njiani. Oili mpya tuliimwaga baada ya kilomita mia chache, tukaweka nyingine, ili mabaki ya maji yatoke nayo.

Tulipokuwa tunanawa mikono, kijana alibaki na kipoza cha zamani mkononi akikigeuzageuza. "Papa," aliniuliza, "na hiki kimetobolewa na nini?"

Nilisimama. Katika miaka yote ile mimi sikuuliza hivyo. Nilijua kumpata mwenye kosa, nikaridhika. Tulikikata kwa msumeno. Upande wa oili vibati vilikuwa laini kama vipya. Upande wa maji vilikuwa na vidonda, na kutu nyekundu imeganda pembeni. Kilichokula kipoza ni maji yetu wenyewe: ya kijito, ya kisima, ya shimo la barabarani, yanayochotwa kwa bidoni kila radieta inapolia. Sisi tuliamini maji ya rangi yanayouzwa madukani ni ya nchi za barafu, ya kuzuia kuganda. Hatukujua kwamba ndani yake mna dawa ya kulinda chuma, na kwamba chuma cha Opala huliwa kama cha popote.

Siku gari lilipoondoka, dereva alipewa bidoni mbili, za maji ya mvua yaliyochanganywa na dawa ile, na neno moja: asiongeze kingine hadi Lomami. Jioni wingu lilisimama juu ya mto. Kabla tone la kwanza halijaanguka, yule kijana alikwisha kutoka nje na mabeseni, akiyapanga moja moja chini ya ukingo wa bati.