Kariakoo, Daftari na Deni Lisilo na Shahidi

 

Wengi wenu mnatuuliza vitambaa vyetu tunavitoa wapi. Jibu ni fupi: Kariakoo. Sisi ni wanawake watatu, vyerehani vinne na chumba kimoja cha kukodi hapa Unguja. Tulimaliza sekondari, tukajifunza ushoni, tukaanza na madira ya majirani na sare za harusi. Kila baada ya wiki chache mmoja wetu hupanda boti ya asubuhi kwenda Dar es Salaam, akarudi na ya jioni.

Makao makuu ya nchi ni Dodoma, lakini mfuko wa nchi uko Kariakoo. Atakaye khanga na vitenge kwa bei ya jumla huanzia Mtaa wa Uhuru. Nguo za tayari zimejaa Mtaa wa Kongo, ambako wamachinga wamepanga bidhaa mpaka hujui barabara imeishia wapi. Uzi, zipu, lastiki na bitana unazifuata vichochoroni, fremu kwa fremu. Nenda mapema kabla jua halijakali. Mkoba uweke mbele. Jora lipimwe mbele ya macho yako, likunjuliwe mpaka mwisho, maana doa hupenda kujificha katikati.

Jina lenyewe lina historia. Waingereza walipouchukua mji kutoka kwa Wajerumani mwaka 1916, waliweka pale kikosi chao cha wapagazi, Carrier Corps, na midomo yetu ikalifanya Kariakoo. Wapagazi wale walibeba mizigo ya vita isiyowahusu, na wengi walikufa kwa maradhi na uchovu. Hadi leo ukisimama pale hukosi kusikia mtu nyuma yako akipiga kelele umpishe, ana mzigo kichwani au anasukuma mkokoteni. Soko kubwa lenye paa kama miavuli ya zege lilichorwa na Beda Amuli, Mtanzania mwenzetu, likajengwa miaka ya 1970. Usiku wa tarehe 10 Julai 2021 likaungua, na wafanyabiashara wengi wakapoteza kila kitu.

Lakini kinachoiendesha Kariakoo si majengo. Ni neno. Pale kuna kitu kinaitwa mali kauli: unachukua mzigo leo, unalipa ukishauza, na dhamana ni kauli yako tu. Sisi tulikuwa tukichukua kwa mama mmoja ambaye jina lake tunalihifadhi. Ni mtu wa bara, Mkristo, na hutuita "Wazanzibari wangu." Mara ya kwanza alitupa jora moja la bitana kwa mali kauli. Tulipolirudisha deni kabla ya siku yake, akatupa majora manne. Akaandika kwenye daftari lake la jalada gumu, nasi tukaandika kwenye letu. Mwezi Oktoba 2024 tulichukua mzigo wa shilingi 1,240,000, tukamlipa 500,000. Zikabaki 740,000.

Jumamosi ya tarehe 16 Novemba 2024, asubuhi, jengo la ghorofa likaporomoka Kariakoo, eneo la Mchikichi na Kongo. Bila shaka mnaikumbuka siku hiyo. Watu walikuwa wameshafungua maduka. Waokoaji walichimba siku baada ya siku, na waliofukiwa wakawa wanasikika wakiita. Zaidi ya watu 20 walifariki, Mungu awapumzishe na awape subira waliowaacha.

Duka la mama yetu lilikuwa mtaa wa pili, lakini stoo yake ilikuwa ndani ya jengo lile. Tukampigia, simu haipatikani. Jumapili haipatikani. Jumatatu haipatikani. Tulishona huku redio imewashwa, hakuna aliyethubutu kuizima.

Jumanne usiku mmoja wetu akauliza swali ambalo sote tulikuwa nalo moyoni: kama hayupo, tutamlipa nani? Hatukuwajua watoto wake. Hatukujua kwao. Deni lilikuwa baina yetu na yeye, bila shahidi, na daftari lake huenda lilikuwa chini ya zege. Kwenye kopo letu mlikuwa na shilingi 450,000, nazo zilikuwa kodi ya chumba. Dada yetu mkubwa akajibu, "Daftari lake limefukiwa. Letu lipo mezani." Tukakubaliana kwamba boti zikiruhusu tutakwenda, tutauliza majirani wa fremu yake, na kama amefariki tutawatafuta warithi mpaka tuwapate.

Jumatano mchana simu ikalia kwa namba tusiyoijua.

"Shikamoo mama!"

"Marahaba wanangu. Mimi mzima. Stoo ndiyo hakuna." Akapumua. "Na daftari lilikuwa kule. Nawapigia watu mmoja mmoja. Nyie si ni laki tano?"

Alikuwa amechanganya tuliyolipa na tuliyobakiza. Tukatazamana. Dada mkubwa akasema, "La, mama. Ni laki saba na arobaini. Laki tano ndiyo tuliyokupa."

Akanyamaza, tukadhani mtandao umekata. Kisha tukamsikia analia. Alisema tangu asubuhi ameshapiga simu nyingi. Wapo waliotaja hesabu yao wenyewe kabla hajauliza. Wapo waliosema walishamaliza. Na wapo ambao simu zao ziliita zikakatwa.

Siku ileile tulimtumia 300,000 kwa simu. Tukamwendea mwenye nyumba, tukamweleza, akatupa mwezi mmoja, ingawa uso wake haukupendezwa. Disemba tukatuma 240,000, Januari 200,000. Deni likaisha.

Sasa msidhani mambo yalirudi kama zamani. Mama alianza upya kwenye nusu ya fremu, akishirikiana na mwenzake, na mali kauli haitoi tena. Hata kwetu. Alituambia si kwamba hatuamini, ila yeye mwenyewe analetewa mzigo kwa fedha mkononi, hana pa kukopeshea. Tuliumia kidogo, kwa sababu mali kauli ile ndiyo ilikuwa mtaji wetu. Msimu wa Ramadhani uliofuata tulishona nguo chache za Idd kuliko mwaka uliotangulia. Kulipa deni ni wajibu. Malipo yake hatukuahidiwa kuyapata dukani.

Tunawaandikia haya kwa sababu wengi wetu wanawake tunafanya biashara kwa mdomo. Upatu kwa mdomo, khanga za mkopo kwa mdomo, hata viwanja kwa mdomo. Aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 ya Suratul Baqara, inahusu kuandika deni na kuweka mashahidi. Tumeisoma tangu chuoni, lakini uzito wake tuliupata wiki ile.

Basi sisi tumebadilisha utaratibu. Kila deni tunaliandika mara mbili, letu na la mwenzetu, na kila upande unatia saini. Ukurasa tunaupiga picha, na picha tunaitunza kwenye simu mbili. Kila mmoja wetu amemwambia mtu mmoja wa nyumbani kwake: nikiondoka ghafla, tunamdai fulani, tunadaiwa na fulani, daftari liko kwenye droo ya cherehani cha pili. Na tunapochukua mali kwa mtu, tunamuuliza jina la mwanawe na namba yake. Mwanzoni watu hushangaa. Wakishaelewa, nao wanatuuliza ya kwetu.

Kabla hujalala leo, dada, fungua daftari lako. Kama huna, chukua karatasi. Andika unaowadai na wanaokudai, kisha mwonyeshe mtu mmoja unayemwamini.

Wabillahi tawfiq.