Subira Yenye Mhuri

Waswahili husema subira yavuta heri, nasi katika mafundisho yetu tunaisifu kama fadhila. Lakini mbele ya dirisha la ofisi ya umma nimeona kwamba ipo subira inayomnyima mtu haki yake.

Nilijifunza hilo Mchikichini, Ilala, nilipotumwa huko kwa utume wa kichungaji. Soko la mitumba la pale, ambalo wengi hulifahamu kwa jina la Karume, liliteketea kwa moto Januari 16, 2022. Watu walihesabu marobota ya nguo. Wachache walihesabu karatasi. Mama mmoja mjane wa jumuiya ndogo ndogo niliyoihudumia alikuwa akitunza kibandani, ndani ya sanduku, barua ya toleo ya kiwanja alichoachiwa na mumewe. Iliungua. Shemeji zake walipopata habari, wakaanza kusema kiwanja ni cha ukoo.

Akaenda ofisi moja ya umma kuomba nakala iliyomo kwenye jalada. "Njoo kesho." "Jalada halionekani." "Bosi yuko kikaoni." Kila safari ilimgharimu nauli na asubuhi nzima ya mauzo. Ikapita miezi minane. Nilipomuuliza ombi lake lilipokelewa tarehe ngapi, alinitazama kwa mshangao.

"Frateri, mimi nimeomba kwa mdomo. Mbona pale wananijua?"

Hapo ndipo penye shida. Siku za kisheria huhesabiwa tangu ombi lilipopokelewa. Asiye na ushahidi wa siku hiyo hana pa kuanzia kulalamika, hata kama amechakaza jozi tatu za kandambili.

Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inampa raia haki ya kuomba taarifa zilizo mikononi mwa ofisi ya umma, na ofisi inatakiwa kumjibu ndani ya siku 30. Asiyeridhika anazo siku 30 za kuomba mapitio kwa mkuu wa taasisi, na baada ya hapo anaweza kukata rufaa kwa waziri. Ipo pia Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, iliyowekwa na Katiba yetu, ambayo hupokea malalamiko dhidi ya watendaji wa umma.

Njia nzito zaidi ni Mahakama Kuu, yenye uwezo wa kumwamuru ofisa atekeleze wajibu aliopewa na sheria. Lakini kibali cha kufungua shauri hilo huombwa ndani ya miezi 6. Anayengoja kimya mwaka mzima anaweza kukuta mlango umefungwa. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili asikate tamaa: Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria wanaohudumu bila malipo.

Tuliandika barua ya aya mbili, nakala mbili. Moja akaiacha ofisini, nyingine ikagongwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Kabla ya siku 30 kwisha alipata jibu la maandishi: jalada limehamishiwa ofisi nyingine, na namba yake ikatajwa. Nakala yenyewe hajaipata hadi ninapoandika haya. Ila sasa anajua aende wapi, aulize namba gani, na shemeji zake wameonyeshwa kwa maandishi kwamba jalada lipo.

Mjane wa Injili ya Luka, sura ya 18, alikuwa na subira kuliko sisi sote, lakini subira yake ilikuwa ya miguu na mdomo: alirudi kwa kadhi tena na tena akidai haki yake. Jumuiya zetu zinaweza kuwasaidia wajane wa leo kwa jambo dogo sana. Anayejua kuandika amwandikie asiyejua, na mmoja amsindikize hadi dirishani. Wasiondoke hapo bila mhuri.