Kutuza na Kutunza

Kiswahili kina maneno mawili yaliyo jirani kwa sauti na jirani zaidi kwa maana: kutuza na kutunza. Kutuza ni kumpa mtu zawadi kwa kazi iliyopendeza. Kutunza ni kukilinda kitu kisiharibike, kukilea kikue na kukiangalia kisipotee. Lakini wenye lugha hawakuyatenga kabisa maneno haya. Wasemapo kwamba mcheza kwao hutunzwa, neno moja hubeba mizigo miwili: mchezaji hupewa fedha uwanjani, na tena huangaliwa na watu wake hata ngoma ikiisha. Katika taarabu za pwani mwimbaji hangojeshwi mpaka kesho yake. Hutuzwa papo hapo, wimbo ungali kinywani, na mtoaji huinuka mbele za watu akamfuata jukwaani. Zawadi ya namna hiyo si ujira wa kazi iliyokwisha. Ni himizo la ubeti unaofuata.

Fikira hii yafaa kuwa mizani ya kupimia jambo ambalo limekuwa la kawaida katika Afrika, nalo ni tuzo wanayopewa watu wanaochipukia katika sanaa ya sinema na televisheni. Zawadi nyingi za sanaa hufanana na mavuno. Hutolewa shamba likiwa limekwisha kuiva, na kila apitaye huyaona masuke. Zawadi ya anayechipukia si hivyo. Yeye husifiwa kwa ajili ya kitu ambacho nusu yake imeonekana na nusu yake haijazaliwa. Chanda chema huvikwa pete, na hilo ni haki. Lakini hapa chanda chenyewe kingali kinakua. Pete ikiwa pana itaanguka, ikiwa nyembamba itabana. Mvishaji ana kazi kubwa kuliko mvikwaji.

Mfano ulio mashuhuri ni wa tuzo za Africa Magic Viewers' Choice, zilizoanza kutolewa mjini Lagos mwaka 2013. Usiku wa tuzo hizo hugawiwa zawadi nyingi: za waigizaji, za waongozaji, za wapiga picha, za wabunifu wa mavazi, na hata za sinema zilizotungwa katika lugha za Afrika, Kiswahili kikiwamo. Katikati ya hizo kuna moja iitwayo Trailblazer, yaani ya mfungua njia. Hiyo haifungwi na sinema moja; humtazama mtu na mwendo wake. Mwaka 2013 alipewa Ivie Okujaye, mwigizaji aliyejulikana kwanza kwa kushinda shindano la kutafuta vipaji. Mwaka 2018 alipewa Bisola Aiyeola, ambaye watazamaji wengi walimfahamu mwaka uliotangulia alipokuwa wa pili katika shindano la televisheni la Big Brother Naija. Mwaka 2023 alipewa Angel Unigwe, binti ambaye hakuwa ametimiza miaka 20. Na mwaka 2024 Chimezie Imo. Njia zao hazikuwa moja. Mmoja alitokea mashindanoni, mwingine katika nyumba iliyotazamwa na maelfu ya watu usiku na mchana, mwingine alianza kuigiza angali mtoto. Hapana shaka kipaji hakina mlango mmoja wa kuingilia, na tuzo yenye busara haisimami kwenye mlango mmoja tu kumngojea.

Wala haifai kudhani kwamba kuchipukia ni umri. Ousmane Sembène wa Senegal alizaliwa mwaka 1923. Alikuwa askari, kisha kuli bandarini Marseille, kisha mtunzi wa riwaya. Alipoona kwamba watu wengi wa kwao hawakujua kusoma vitabu vyake, alikwenda Moscow kujifunza sinema, naye amekaribia miaka 40. Mwaka 1966 sinema yake La Noire de... ilipata nchini Ufaransa tuzo ya Jean Vigo, na mwaka huo huo ikapata Taniti ya Dhahabu katika tamasha la kwanza la Carthage, nchini Tunisia. Mtu huyo alikuwa na miaka 43, lakini katika sanaa yake mpya alikuwa chipukizi. Laiti waamuzi wangeuliza miaka yake kabla ya kuitazama kazi yake, wangalimpita.

Sasa yapo maneno ya wale wasiopenda jambo hili, na maneno yao yana uzito. Husema kwamba mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Kijana akipewa taji asubuhi, hulala mchana. Akiitwa bingwa kabla ya kazi yake ya tatu, ataona haya kujifunza katika ya nne. Tena taa za usiku mmoja humfanya aamini kwamba sanaa ni nguo ya kuvaliwa mbele ya wapiga picha, ilhali sanaa ni kuamka alfajiri, kurudia tendo moja mara ishirini, na kuvumilia kuambiwa kwamba halijawa. Hatari hii ipo. Lakini ikiangaliwa vema, methali ile haimlaumu msifu kwa kusifu. Inamwonya asisifu kisha akaacha kuonja. Mnywaji angeendelea kuonja kila jioni, mgema asingethubutu kutia maji. Kosa basi halimo katika sifa. Limo katika sifa inayotolewa na mtu ambaye kesho hatarudi.

Kurudi huko kwa kesho ni kukubwa zaidi katika sinema kuliko katika sanaa nyingine. Mshairi akisahauliwa na watu waliomsifu, bado ana kalamu na karatasi. Mchongaji ana kipande cha mti. Mtengeneza sinema akisahauliwa hana kitu. Kazi yake yataka kamera, taa, mafuta ya jenereta, chakula cha watu wengi kwa siku nyingi, na fedha ambazo hazirudi mpaka picha ioneshwe, kama zitarudi. Yeye ni kama nahodha: ujuzi wake wote ni bure pasipo chombo, na chombo hakinunuliwi kwa makofi.

Maisha ya Djibril Diop Mambéty yaonyesha neno hili. Alizaliwa Senegal mwaka 1945, wala hakupita katika shule ya sinema. Mwaka 1973, akiwa na miaka 28, alitoa Touki Bouki, sinema ndefu yake ya kwanza, ikaheshimiwa Cannes na Moscow. Ulimwengu uliona kwamba Afrika imepata jicho jipya. Sinema ndefu yake ya pili, Hyènes, ilitokea mwaka 1992. Baina ya mbili hizo ilipita miaka 19. Naye alifariki mwaka 1998, akiwa na miaka 53. Sababu za ukimya wa msanii haziwi moja, na hakuna haki ya kuzitaja zote kwa niaba ya marehemu. Lakini hesabu ni hesabu: kipaji kilichopigiwa makofi katika ujana kilitoa sinema ndefu mbili tu katika umri mzima. Alituzwa mapema, na hiyo ilikuwa heri. Nani alimtunza katika miaka ile 19?

Kando ya habari hiyo yafaa kuwekwa habari ya mtu wa Niger, Oumarou Ganda. Alizaliwa Niamey mwaka 1935. Angali kijana mdogo alijiunga na jeshi la Wafaransa akapelekwa vitani Indochina. Baadaye alifanya kazi ya ukuli Abidjan, na huko akakutana na mtengeneza sinema Mfaransa, Jean Rouch, aliyemweka mbele ya kamera katika Moi, un noir ya mwaka 1958. Sinema ile ilipata sifa kubwa nchini Ufaransa. Lakini sifa ilikuwa ya mwongozaji, na Ganda angaliweza kubaki uso tu katika picha ya mtu mwingine. Kilichomwokoa kilikuwa kidogo sana machoni pa wakubwa. Aliporudi Niamey alipata kazi katika nyumba ya utamaduni, mahali penye chama cha wapenzi wa sinema. Chama kikafanya shindano la kuandika hadithi za sinema, naye akaandika Cabascabo. Hadithi ile ikawa picha, ikasemwa kwa Kizarma, na mwaka 1969 ikaoneshwa Cannes.

Msomaji ataona ajabu akijua Cabascabo inasimulia nini. Ni habari ya askari anayerudi kutoka Indochina na fedha mfukoni. Marafiki humzunguka, humsifu, hula naye na kunywa naye. Fedha zinapokwisha, sifa nazo hukauka, na kila rafiki hushika njia yake. Mwishowe mtu yule huchukua jembe akaenda shambani. Huenda hakuna hadithi inayofaa kuoneshwa zaidi ya hiyo katika usiku wa kugawa tuzo.

Lakini Ganda mwenyewe hakuachwa kama askari wake. Alikuwa na kazi, na chama, na wenziwe wa kujifunza nao. Mwaka 1972, katika tamasha la sinema la Ouagadougou ambalo hujulikana kwa jina la FESPACO, sinema yake Le Wazzou polygame ikawa ya kwanza kupata Farasi wa Yennenga, tuzo iliyo kuu katika tamasha hilo. Shindano dogo la Niamey lilikuwa ubeti wa kwanza, na Farasi akaja katika ubeti wa baadaye. Ganda alifariki mwaka 1981. FESPACO ikachukua jina lake ikalipa tuzo ya kazi ya kwanza ya mwongozaji. Waliofanya uteuzi huo walikuwa na hekima: hawakulipa jina hilo tuzo ya mkongwe, bali ya anayeanza.

Na tuzo hiyo imezaa. Mwaka 2001 ilikwenda kwa Newton Aduaka, mzaliwa wa Nigeria aliyesomea sinema London, kwa ajili ya Rage. Mwaka 2007 alirudi Ouagadougou na Ezra, sinema ya mtoto aliyefanywa askari, akamchukua Farasi wa Dhahabu mwenyewe. Miaka sita ilitosha kuipitisha ahadi mpaka ikawa tendo. Jambo la kupendeza si kwamba alishinda mara mbili. Ni kwamba mahali palipomtuza palibaki pamefunguka, naye alijua kwamba akiwa na kazi nyingine atapokewa na macho yale yale yaliyomwonja mwanzo.

Hata hivyo tamasha hilo halikosi deni. Tangu mwaka 1972 hadi mwaka 2025 hapana mwanamke aliyempata Farasi wa Dhahabu, ingawa wanawake wametengeneza sinema barani kwa zaidi ya nusu karne. Wakati huo huo katika orodha ya wafungua njia wa Lagos majina ya mabinti si haba. Tofauti hii yastahili kufikiriwa. Ikiwa mabinti husifiwa mwanzoni mwa njia na hawaonekani mwishoni mwake, basi kuna mahali katikati ambapo njia imekatika, na mfungua njia hawezi kuwa yeye pia mjenzi wa daraja.

Waswahili nao wana sehemu yao katika shauri hili. Amil Shivji wa Tanzania alitoa sinema ndefu yake ya kwanza, T-Junction, mwaka 2017, na tamasha la Zanzibar likaipa heshima ya kufungua maonyesho yake ya mwaka huo. Kisha akaishika riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute, iliyochapwa mwaka 1999, akaifanya sinema. Mwaka 2022 sinema hiyo ilipata Taniti ya Dhahabu ya Carthage, ile ile aliyopewa Sembène mwaka 1966. Hapa tena mpango ni ule ule: mtu alipokewa kwao akiwa mwanzoni, ndipo akapokewa ugenini akiwa amekomaa. Mcheza kwao alitunzwa.

Basi wanaotoa tuzo za namna hii wakitaka zifae, na waipime zawadi yao kwa mwaka unaofuata, si kwa usiku wake. Taji lifuatwe na kazi: mwigizaji apewe nafasi katika mchezo wa televisheni utakaomfundisha juma kwa juma, mwongozaji akopeshwe kamera na watu wa kumsaidia, mwandishi asomewe mswada wake na mtu anayejua kukata. Fedha ikiwa haba, heri sherehe ipunguzwe taa kuliko chipukizi apunguziwe maji. Na mwenye tuzo naye ajue kwamba amepokea amana. Watu wamemwamini kwa kazi ambayo hawajaiona, nao wana haki ya kuingojea.

Watazamaji nao hawamo nje ya hesabu. Wao ndio waliokaa viambazani mwa ngoma tangu zamani, na wao ndio waliotia fedha mkononi mwa mwimbaji. Anayenunua tikiti ya sinema ya pili ya kijana ambaye ya kwanza yake ilisifiwa, na akasema kweli ikiwa ya pili imepungua, amefanya mambo mawili kwa mara moja. Amemtuza, na amemtunza.