Kutoka Shantipath hadi Massachusetts Avenue

Ukiziacha kelele za bajaji za Connaught Place, ukazifuata barabara za New Delhi zilizopandwa mizambarau na miarobaini, unafika Chanakyapuri, mtaa wa mabalozi. Barabara yake kuu, Shantipath, ni pana, na mapambano ya honi hupungua. Hapo ndipo Wamarekani walipojenga ubalozi wao, ukafunguliwa mwaka 1959. Mchoraji wake, Edward Durell Stone, aliuzungushia kuta za matundu matundu, akitumia ujuzi wa mafundi wa Kihindi wa kale ambao kwa kuta kama hizo walipata kivuli bila kuuzuia upepo. Nguzo zake ni nyembamba, zina rangi ya dhahabu. Ni jengo la mgeni aliyejitahidi kumpendeza mwenyeji.

Stone huyohuyo ndiye aliyechora Kennedy Center, jumba la sanaa lililo kando ya mto Potomac, Washington. Anayefika huko akitokea Delhi anauona undugu papo hapo: paa bapa, weupe, nguzo zilezile. Jumba hilo lilifunguliwa Septemba 1971. Miezi mitatu baadaye, India na Pakistan zikipigana vita ambavyo Bangladesh ilizaliwa ndani yake, Rais Nixon alituma manowari ya Enterprise, yenye kubeba ndege za kivita, kwenye Ghuba ya Bengal ili kuitisha India. Nayo India ilikuwa imetia saini mkataba na Wasovieti mwezi Agosti mwaka huohuo. Ndugu wawili wa mawe, mmoja Delhi na mwingine Washington, na kati yao manowari.

Naanza na mwaka huo kwa sababu hotuba za viongozi wa nchi hizi mbili hupenda kuanza kwingine. Husema demokrasia kongwe imekutana na demokrasia kubwa, kana kwamba sanduku la kura ndilo lililowaunganisha. Nimetembea katika miji mikuu yote miwili nikilitafuta hilo, na nimeona karibu kinyume chake. Kilichowasogeza karibu ni hesabu za usalama, hasa nguvu ya China inayokua. Mapigano ya bonde la Galwan, Juni 2020, ambapo India ilipoteza wanajeshi 20, yalimaliza kusitasita kwingi mjini Delhi. Kura ndiyo inayowagombanisha. Wala silioni kuwa jambo baya.

Massachusetts Avenue, Washington, ina balozi nyingi kama Shantipath, ila hapa zimebanana. Mbele ya ubalozi wa India, kwenye kijibustani cha pembetatu, Gandhi wa shaba anatembea na fimbo yake. Sanamu hiyo ilizinduliwa Septemba 2000 na Waziri Mkuu Vajpayee, Rais Clinton akiwapo. Miaka miwili tu nyuma, Vajpayee alikuwa ameamuru majaribio ya nyuklia jangwani Pokhran, na Clinton akaiwekea India vikwazo. Gandhi mwenyewe hakukanyaga Marekani maisha yake yote. Aliyevuka bahari ni Martin Luther King, aliyezuru India mapema mwaka 1959 pamoja na mkewe Coretta, akakutana na Waziri Mkuu Nehru na watu waliomfahamu Gandhi. Kwangu mimi, urithi huu wa mapambano bila silaha ndio sehemu safi kuliko zote ya uhusiano wa nchi hizi, nao haukuanzia ikulu yoyote. Ulianza kwa watu walionyimwa haki: huku na mkoloni, kule na ubaguzi wa rangi.

Kartavya Path ni barabara ya gwaride ya Delhi, na kwa ukubwa wa nafasi inafanana na National Mall ya Washington. Tofauti ni watu. Mall ina makundi ya wanafunzi waliovaa fulana za rangi moja na walimu wanaowahesabu. Delhi jioni ni familia nzima, bibi na wajukuu, na wauza aiskrimu wamejipanga. Kwenye barabara hii, iliyokuwa bado ikiitwa Rajpath, Rais Obama alikaa Januari 2015 akiwa mgeni rasmi wa Siku ya Jamhuri. Vifaru vilivyopita mbele yake vilikuwa T-90, vya asili ya Urusi. Angani ilipita P-8I, ndege ya doria ya baharini iliyotengenezwa na Boeing. India haijawahi kuficha kwamba inanunua pande zote mbili. Mwaka 2018 iliagiza makombora ya S-400 kutoka Moscow huku Washington ikiionya. Sisi wa pwani ya Afrika Mashariki tuna sababu ya kulifuatilia hili: manowari ya India imeshiriki mazoezi ya Cutlass Express, yanayoongozwa na Marekani, kwenye maji ya Kenya, na Aprili 2025 India ikaandaa mazoezi yake na Tanzania jijini Dar es Salaam. Bahari yetu imo kwenye hesabu zao.

Mwishoni mwa barabara hiyo, karibu na ikulu, yako mabunge mawili: la zamani la mviringo, lililofunguliwa 1927, na jipya la pembetatu la mwaka 2023. Katika lile la mviringo ndimo mapatano makubwa kuliko yote ya nchi hizi yalimokaribia kufa. Rais Bush na Waziri Mkuu Manmohan Singh walikuwa wamekubaliana Julai 2005 kwamba India, ambayo haikusaini mkataba wa kuzuia kuenea kwa silaha za nyuklia, iruhusiwe kununua fueli na vinu vya nyuklia vya kuzalisha umeme, mradi itenge mitambo ya kiraia na ya kijeshi na kuwafungulia wakaguzi ile ya kiraia. Vyama vya mrengo wa kushoto vikakataa kufungwa nira na Marekani, vikaiacha serikali. Tarehe 22 Julai 2008 ikapigwa kura ya imani. Wabunge wa upinzani waliweka mabunda ya noti mezani, wakidai walikuwa wamehongwa. Singh alipata kura 275 dhidi ya 256. Kule Washington, kwenye kilima cha Capitol, Oktoba mwaka huo, Seneti iliyapitisha mapatano hayo kwa 86 dhidi ya 13, na hakuna aliyetokwa jasho.

Kisha kumbukumbu ya Bhopal ikaingia kati. Usiku wa kuamkia tarehe 3 Desemba 1984, gesi ya sumu ilivuja kutoka kiwanda cha viuatilifu cha Union Carbide, kampuni ya Marekani, ikaua maelfu ya watu waliolala. Fidia ilikuwa ndogo na ilichelewa. Kwa hiyo mwaka 2010, Bunge la India lilipotunga sheria ya ajali za nyuklia, liliweka kifungu cha kumbana hata aliyeuza mtambo. Makampuni ya Marekani yakarudi nyuma. Miaka 15 baadaye hapakuwa na kinu hata kimoja cha Kimarekani kilichojengwa kwa mapatano yale. Washington nimesikia watu wakiuita huo ukaidi wa Wahindi. Siwezi kukubaliana nao. Wabunge wale walikuwa wakiwajibika kwa wafu wao.

Mwaka 2025, kwenye mazungumzo ya biashara, mkwamo ukahamia shambani. Karibu nusu ya wafanyakazi wa India wako kwenye kilimo, na maziwa yake hutoka kwa mamilioni ya kaya zenye ng'ombe wawili watatu. Wakulima walipokesha mwaka mzima kwenye mipaka ya Delhi, mwaka 2020 na 2021, serikali ilizifuta sheria zake tatu za kilimo. Hakuna waziri mkuu atakayewasahau hao akiombwa kufungua soko kwa maziwa na mahindi ya Marekani. Upande wa pili yupo rais aliyechaguliwa na majimbo yaliyopoteza viwanda. Agosti 2025 Trump aliipandishia India ushuru hadi asilimia 50, nusu yake ikiwa adhabu ya kununua mafuta ya Urusi. Septemba ikafuata ada ya dola 100,000 kwa maombi mapya ya viza za kazi za H-1B, ambazo zaidi ya asilimia 70 huchukuliwa na Wahindi.

Kila upande una haki ya kuwasikiliza wapigakura wake. Kinachoniudhi ni kwamba mzigo uliangukia wasiokuwapo mezani. Marekani ndilo soko kubwa kuliko yote la kamba wa India, na wengi wao hufugwa kwenye mabwawa ya Andhra Pradesh. Mfugaji wa huko hakuagiza hata pipa moja la mafuta kutoka Urusi, na kule Marekani hana kura ya kumwadhibu nayo aliyepandisha ushuru. Wajumbe wa biashara wakikutana tena, waanze na bei anayolipwa yeye bwawani. Manowari na makombora yana wasemaji wa kutosha.